Lifti Isiyojua Kushuka

Mvua ya Julai ilimkuta Yasna Poblete katikati ya barabara ya Gran Avenida jijini Santiago, hana mwavuli, hana hata kipande cha mkate tumboni, na viatu vyake vyeupe vya kazi vimeanza kunywa maji. Alikuwa ametoka kumkanda goti mzee mmoja aliyelia kuliko mtoto. Mbele yake aliona mlango wa kioo uliopambwa maputo ya manjano, akauvamia bila kusoma bango. Mwanamume mmoja mrefu, mwembamba kama ufito, akauvamia wakati huohuo. Mlango ukawabana wote wawili, bega kwa bega.

"Karibuni, karibuni wanandoa wangu!" Dada mwenye koti la manjano na kucha za manjano aliwajia mikono wazi. Kifuani alibandika jina lake: Maritza. "Mmekuja kuona nyumba ya mfano? Leo wanandoa tunawapa empanada na kahawa."

Yasna alifungua mdomo aseme kwamba hawajuani. Kisha harufu ikamfikia, nyama na vitunguu na unga uliotoka tanurini sasa hivi. Akaushika mkono wa yule mgeni.

"Mume wangu hapendi vitunguu," alisema. "Ya kwake nitakula mimi."

"Ndivyo alivyo tangu tuoane, dada," mwanamume akajibu bila hata kupepesa macho. "Mimi nakonda, yeye ananawiri."

Yasna akamfinya. Hakulia.

Nyumba ya mfano ilipendeza kwa kila kitu kisichokuwa cha kweli: vitabu vya mbao visivyofunguka, malimau ya plastiki kwenye bakuli, runinga ya karatasi ngumu. Mume wa dakika tano hakuviangalia. Alisimama mbele ya mchoro wa jengo akisonya.

"Lifti mbili! Milango mia tatu, lifti mbili! Watu watazeekea kwenye foleni."

"Wewe ni nani, mkaguzi?"

"Fundi wa lifti. Danilo Carvacho. Na wewe, mke wangu, unaitwa nani?"

Yasna alicheka mpaka makombo ya empanada yakamruka. Walipotoka mvua ilikuwa imekatika zamani, lakini walisimama chini ya kibaraza kama watu wanaoisubiri ipungue.

Mwaka ukapita nao wakaupita pamoja. Yasna akamwita Danilo Kimbaumbau, naye akamwita Yasna Kibonge, na simu zao zikawa kama redio ya mtaa.

"Uko wapi, Kimbaumbau?"

"Juu ya lifti, nimening'inia kama popo."

"Shuka kwanza ndipo upige simu! Ukianguka je?"

"Si utanikanda? Ndiyo kazi yako."

"Waliokufa siwakandi. Shuka!"

Danilo alikuwa na moyo mweupe na haraka nyingi. Kila kitu alitaka kukipata leo, na akikipata, akufiche kwanza ili akushangaze. Yasna aliyapenda hayo kwenye maua na kwenye tiketi za mpira. Hakujua yangefika kwenye nyumba.

Maana sisi watu wa Santiago tuna maneno yetu. Fedha za mwanzo anazotoa mnunuzi wa nyumba tunaziita mguu. Na kile anachokamuliwa mkopaji kila mwezi, miaka nenda miaka rudi, tunakiita gawio, kana kwamba yeye ndiye anayegawiwa. Anayetaka kujua jinsi neno linavyoweza kumwibia mtu mchana kweupe, aanzie hapo.

Jumapili moja Danilo alikuja Maipú kwa Bi Nolfa, mama yake Yasna, kunywa chai ya jioni. Alivaa koti la kuazima lililomwacha viwiko nje. Jiko la mafuta ya taa lilikuwa likinguruma pembeni, mkate umewekwa mezani, na Bi Nolfa alikuwa akiponda parachichi kwa uma. Danilo akapiga goti hapohapo, kati ya meza na jiko, karibu aunguze suruali.

"Yasna. Kibonge wangu. Nioe."

"Mwanamke haoi, we kichaa!"

"Basi niache nikuoe mimi."

Yasna alisema ndiyo kabla hajamaliza. Pete ikapita kidoleni kama iliyopimwa. Bi Nolfa akalia, machozi yakidondoka kwenye parachichi, akasema leo haliongezwi chumvi.

Simu ya Danilo ikaita juu ya meza. Mikono yake ilikuwa imemkumbatia Yasna, akabonyeza kwa kiwiko, na sauti ikajaa sebuleni.

"Kaka Danilo! Maritza hapa! Vipi, shemeji amekubali? Maana benki wananitoa roho. Mshahara wako peke yako haufiki, nilikwambia. Bila mdaiwa mwenza hadi Ijumaa, nyumba naipa mwingine. Mwambie mke ndiye mdaiwa mwenza mtamu kuliko wote!"

Danilo alikata simu, lakini maneno yalikuwa yameshakaa kitini na kujimiminia chai.

"Mdaiwa mwenza," Yasna alisema taratibu.

"Nilitaka kukushangaza. Ni nyumba ileile, Kibonge, jengo lilelile tulipokutana! Nimepata mguu, nimeshaishikia—"

"Umepata mguu, ukakosa saini. Ndipo ukakumbuka goti."

"Siyo hivyo!"

"Pete umeinunua lini? Kabla benki hawajakukataa, au baada?"

Danilo akaitazama pete badala ya macho yake.

"Baada," alisema. "Lakini nilitaka kukuoa kabla. Hata sikuona tofauti. Nyumba, wewe, vyote kwangu kitu kimoja! Na ni mkopo mzuri, nakuapia. Miaka thelathini, kiwango kilekile, gawio halibadiliki hata senti."

Bi Nolfa akaweka uma chini. "Mwanangu, na mimi niliambiwa hivyohivyo."

"Kiwango cha riba ndicho hakibadiliki!" Yasna alikuwa ameshasimama. "Deni lenyewe limeandikwa kwa nini, Danilo? Kwa peso?"

"Kwa U-Efe, kile kipimo cha benki, kama madeni yote ya nyumba."

"Na U-Efe ni nini? Umewahi kuishika? Ina noti? Ina sarafu? Mkate ukipanda bei, inapanda. Nyama ikipanda, inapanda. Inapanda kila siku, Kimbaumbau, hata Jumapili, hata sasa hivi tunapogombana! Gawio lako halibadiliki kwa U-Efe. Mshahara unalipwa kwa peso!"

"Na mishahara inapanda vilevile."

"Wa nani? Wako umepanda lini?"

Taa ya darini ikaanza kuyumba. Vikombe vikagongana kabatini, vioo vya madirisha vikatetemeka. Hakuna aliyeinuka. Bi Nolfa aliishika birika isimwagike, na Yasna akapandisha sauti juu ya kelele.

"Hata hili tetemeko utalilipia! Bima ya tetemeko, bima ya moto, bima ya kufa kwako, zote zimo ndani ya gawio! Ulizihesabu?"

Ardhi ikatulia. Yeye hakutulia.

"Yasna alikuwa shule ya msingi nilipochukua mkopo wa nyumba hii," Bi Nolfa akasema, akifuta maji mezani. "Sijawahi kuruka mwezi. Na leo, ukilipiga deni langu kwa peso, ni kubwa kuliko siku niliyolichukua. Dawa ya deni ni kulipa, wanasema. Mimi nainywa dawa, mgonjwa anazidi kunenepa."

"Haiwezekani, mama."

"Wewe ni fundi," Yasna alimkabili. "Mtu akikuletea lifti yenye kitufe cha kupanda peke yake, cha kushuka hakuna, utaingiza watu?"

Danilo akajipangusa goti la suruali.

"Nenda benki. Usiulize gawio ni kiasi gani, hilo kila mtu anauliza. Uliza hivi: mwisho wa yote, tutakuwa tumelipa nyumba ngapi?" Akavua pete, akaiacha kwenye kisahani, katikati ya maganda ya parachichi. "Na saini yangu uitafute kwa mke mwingine."

Mlango ulipofungwa nyuma ya Yasna, Bi Nolfa akatikisa kichwa. "Kukopa harusi, kulipa matanga. Lakini ninyi mmeanzia matanga."

Siku zilizofuata Danilo alipiga simu mpaka Yasna akatamani kuitupa mtoni Mapocho. Alituma picha ya mlima wenye theluji, aliyoipiga kutoka ghorofa ya ile nyumba aliyokwisha kuiita yao. "Ona dirisha letu," aliandika.

"Mlima wanautoa bure," Yasna akajibu. "Kinachouzwa ni dirisha."

Alikasirika asubuhi akipanga mashuka ya wagonjwa, akakasirika mchana akila peke yake. Kilichomuudhi zaidi ni kwamba simu ikikaa kimya saa mbili, aliitazama. Je, mtu huyu alimtaka yeye, au alitaka jina la pili chini ya karatasi? Aliligeuza swali hilo kila upande, na kila upande lilimchoma.

"Nikuulize," Bi Nolfa akamwambia wakiwa jikoni. "Unamkasirikia yeye, au unalikasirikia deni langu?"

"Mama, usianze."

"Ulitaka kwenda baharini, nikasema baada ya gawio. Ulitaka gitaa, baada ya gawio. Najua. Lakini kijana yule hakukunyima gitaa. Huyo ni mjinga tu, na ujinga una dawa." Akamwekea pete mkononi. Alikuwa ameiosha.

Ijumaa mchana simu ikaita. Yasna alipokea kwa kukosea, au ndivyo alivyojiambia.

"Nimeuliza," sauti ya Danilo ilisema. Haikuwa sauti ya popo anayening'inia. Ilikuwa ya mtu aliyekaa.

"Umeuliza nini?"

"Swali lako. Yule bwana wa benki akanigeuzia skrini. Jumla imeandikwa, Kibonge. Imekuwapo siku zote, chini kabisa, na mimi nilitazama mstari wa juu tu. Ni mara mbili."

"Mara mbili ya nini?"

"Ya tunachokopa. Nyumba mbili. Moja tunakaa sisi, ya pili tunawajengea wao. Na hiyo ni kwa U-Efe! Nikamwambia anipe kwa peso za mwaka wa mwisho, akacheka. Akasema kaka, hizo hazijui hata Mungu. Halafu miaka ya mwanzo, unajua? Gawio karibu lote ni riba. Deni lenyewe unalikwaruza kwa ukucha tu. Mama yako..." Akashindwa. "Mimi nilimwambia mama yako haiwezekani."

Yasna alikaa kwenye kitanda cha mgonjwa. "Uko wapi?"

"Kwa Maritza. Nimekuja kuiachia nyumba."

"Usiondoke hapo."

Alifika na sare yake ya kazi, nywele zimefungwa kwa mpira wa bahasha. Maritza, koti la manjano lilelile, alikuwa amenuna. "Muulize mumeo," alisema. "Mtu anaacha fedha za kushikia, hazirudi! Kwa nyumba yenye mlima!"

Danilo alikuwa amekaa kwenye kochi la nyumba ya mfano, mbele ya runinga ya karatasi, limau la plastiki mkononi. Alisimama alipomwona, akalificha limau nyuma kama mtoto.

"Sina nyumba," alisema. "Mguu nao umekatika kidogo. Nilifanya jambo kubwa bila wewe, kisha nikakuita usaini. Hilo nimelielewa kwa uchungu. Lakini sasa benki haimtaki mtu yeyote, Yasna. Anayekutaka ni mimi peke yangu."

Yasna alimtazama yule ufito wake, macho mekundu, mkoba wa spana begani. Alitaka kumpiga. Alitaka kumnyooshea kola. Akanyoosha kola.

"Unanichosha, Danilo. Unajua unavyonichosha?"

"Najua."

"Tutapanga nyumba ya mtu kwanza, tukuze mguu. Tukija kukopa, tutakopa kidogo, kwa miaka michache, chumba kimoja, na tutakaa wote wawili mbele ya ile skrini tuisome kuanzia chini. Mlima hatununui."

"Mlima nitakuonyesha kutoka juu ya lifti."

"Na hakuna kunishangaza tena. Isipokuwa maua."

"Isipokuwa maua." Akaushika mkono wake. "Na mimi nakuahidi nitakupenda kwa kiwango kisichobadi—"

Yasna akamziba mdomo kwa kiganja.

"Usithubutu! Hicho ndicho kilichotufikisha hapa." Akatoa pete mfukoni mwa sare. Bado ilinuka parachichi kwa mbali. "Nipende kwa U-Efe."

Danilo alichukua muda kulimeza. Kisha akaanza kucheka nyuma ya kiganja cha Yasna, mabega yakitikisika.

"Kila siku?"

"Hata Jumapili. Hata tukigombana."

"Lifti isiyo na kitufe cha kushuka?"

"Hiyo moja ndiyo nitakayoipanda. Nivishe kabla sijapata akili."

"Samahani," Maritza aliingilia kati, mikono kiunoni. "Mnachukua nyumba au hamchukui?"

"Hatuchukui," Yasna akasema. "Empanada tunachukua."

"Empanada ni za wanandoa tu."

Yasna akamnyooshea kidole chenye pete. Maritza akakitazama, akasonya, akaenda kuzileta, kucha za manjano zikigonga sinia.

"Ya kwake nipe mimi," Yasna alisema. "Hapendi vitunguu."

"Navipenda!" Danilo akaipokonya. "Navipenda tangu nizaliwe! Mwaka mzima nimekuwa nikitafuta nafasi ya kukwambia!"