"Nikiwapa Hawa, Mama Yangu Anakufa!"

"Nikiwapa hawa hela, Mheshimiwa, mama yangu anakufa!"

Ndivyo alivyosema mume wangu, Rajnish, mbele ya hakimu. Machozi yanamlengalenga...

Jamani, nimempikia yule mwanaume, nimemfulia, nimemzalia. Lakini yale machozi, nikiyakumbuka hata leo, natema mate chini.

Ilikuwa Januari, mahakama ya familia hapa Kanpur, ukungu umeingia mpaka koridoni. Yeye ndiye aliyedai talaka, baada ya kunirushia mabegi nje. Mimi niliomba kitu kimoja tu: kesi ikiendelea, atutunze mimi na binti yetu Pihu. Sheria yetu ya ndoa za Kihindu inaruhusu.

Kaka yangu alishaniambia chumba chake anakitaka mwisho wa mwezi. Tukikosa amri ya hakimu siku ile, mimi na mtoto hatuna pa kulala.

Kabla hatujaitwa ndani, nilimsogelea Rajnish na kopo la ladu, vile vitamu vya mviringo, za ufuta.

"Mpelekee Amma. Sikukuu ya Sankranti imefika."

Amma ni mama yake. Figo zilikuwa zinamsumbua. Rajnish akija juu, Amma ndiye aliyekuwa akisimama mlangoni mwa jiko, mimi nyuma yake. "Anza na mimi niliyekuzaa!" Tangu nifukuzwe nilikatazwa kumwona.

"Anaendeleaje?"

"Yupo. Anakulaani kila siku."

Akafungua kopo. Akatupia ladu moja mdomoni!

"Ufuta umeungua kidogo," akasema, anatafuna. "Ila atafurahi."

Nyuma yake alisimama mdogo wake, Mukund, kofia ya sufu imeshuka mpaka masikioni.

"Shikamoo shemeji," akaninong'oneza. Hakuniangalia usoni.

Basi, tukaingia. Rajnish akaendelea kulia.

"Duka la viatu haliingizi kitu, Mheshimiwa. Kinachopatikana chote ni cha kusafisha figo za mama. Nimtoe mashineni nilishe mwanamke aliyemkimbia?"

"Sikumkimbia!" nikasema.

"Mama, subiri zamu yako," hakimu akanikata. Kisha akamgeukia Rajnish. "Nani anampeleka hospitali?"

"Mdogo wangu huyu hapa. Muulizeni!"

Mukund akasogea mbele.

"Kofia!" karani akafoka. "Uko mbele ya hakimu!"

Mukund akaivua...

Kichwa cheupe! Kimenyolewa, kinang'aa, kishungi kidogo kimeachwa kisogoni.

Kwetu mtoto wa kiume hanyoi hivyo kwa urembo. Hunyoa akishachoma maiti ya mzazi wake.

Nilimwona Rajnish akibadilika rangi. Hata yeye hakuwa anajua kilichokuwa chini ya ile kofia!

"Baba yako yuko hai?" hakimu akauliza polepole.

"Alifariki nikiwa shuleni, Mheshimiwa."

"Sasa umemnyolea nani?"

Mukund akainamisha kichwa.

"Chawa, Mheshimiwa!" Rajnish akadakia. "Alikuwa na chawa!"

"Kinyozi gani wa chawa anaacha kishungi?"

Mimi sikusikia tena. Nilikuwa nimekaa sakafuni.

"Amma! Mukund, Amma amekufa lini?"

Ndipo alipolia. "Baada ya Diwali, shemeji."

Baada ya Diwali! Na yule mtu alikuwa ametoka kula ladu za marehemu mama yake!

Hakimu alitoa amri saa ile ile: atutunze mpaka kesi iishe, kuanzia siku niliyoomba. Na kiapo chake cha uongo kikafunguliwa jalada lake.

Nje, Mukund alinikuta nalia ukutani.

"Tulimchomea kijijini, kimyakimya. Kaka alikataa kunyoa, akasema ana kesi. Nikanyoa mimi, akanifungia kule mpaka nywele zirudi."

Nikashtuka. "Subiri... toka Diwali? Nywele si zilisharudi?"

"Zilirudi, shemeji."

Akapitisha kiganja kichwani.

"Nimenyoa tena leo alfajiri. Nala kwake, nalala kwake. Kumwambia kaka yangu mkubwa muongo mbele za watu, mdomo wangu usingeweza. Nikaona kichwa kiseme."

Nikalichukua kopo ambalo Rajnish aliliacha kwenye benchi, nikampa, tukampitia Pihu kwa kaka yangu, tukaenda wote ukingoni mwa mto Ganga. Ladu zilizobaki tukazimwaga majini, moja moja. Pihu akauliza kama bibi atazipata.

"Atazipata," Mukund akamwambia. "Na hatasema ufuta umeungua."

Naandika haya nisije nikamsahau Amma. Na wewe unayesoma: mtu anayemtumia mama yake kama ngao akiwa hai, usishangae akimtumia akiwa majivu. Ukimjua mapema, ondoka. Usingoje akurushie mabegi.