Mlango Uliotoka Melini

Mlango ule ulikuwa haukauki. Hapo ndipo mambo yalipoanzia, na mtu mwingine angepuuza tu, maana mlango wa bafuni usipolowa, utalowa wa sebuleni? Lakini huu ulilowa upande wa ndani peke yake, ulilowa hata siku ambayo hakuna aliyeoga, na ukipitisha kidole kilirudi na utelezi wa samaki aliyelala ndooni. Mwenye nyumba alikipaka kidole chake sabuni, akasugua, akanusa, akakunja uso, akasugua tena.

Mwenye nyumba huyo majirani walimpachika jina la Mama Usafi, na mtoto hakuwa naye hata wa kusingiziwa. Alikuwa mwanamke wa kusugua mpaka mpini wa ufagio. Ukimtembelea, kiti ulichokalia kinafutwa kabla hujafika getini. Harufu mbaya aliisikia kabla ya watu wote, na ikimfika, jamani, hakuwa na subira nayo: mkono puani na maneno yanamtoka.

Sasa ona vituko vya dunia. Mwanamke huyo akaolewa na fundi wa kuchomelea, mtu wa moshi, kutu na jasho, na wakapendana hasa. Fundi alikuwa na kazi kwenye kampuni ya kuzamisha meli. Ndiyo, kuzamisha, hukusikia vibaya. Maji ya kuzunguka kisiwa kile yalishajaa meli huko chini, nyingine zilipasukia kwenye miamba zamani zikafa na watu wao, na wageni walikuwa wakilipa kwenda kuzitazama. Wenye fedha wakaona kumbe meli mfu nayo ina faida. Wakaanza kununua zilizochakaa, wakaziondoa mafuta, wakazitoboa, wakazizamisha makusudi ili samaki wapate nyumba na wazamiaji wapate pa kutembea.

Kazi ya Fundi ilikuwa kung'oa milango. Meli haikuruhusiwa kwenda chini na mlango hata mmoja, kwa sababu mzamiaji akiingia chumbani, mlango ukajifunga nyuma yake na hewa ya mtungi ikamwishia, ndiyo basi tena. Milango yote ilikwenda kuuzwa kama chuma chakavu. Yote, isipokuwa mmoja ambao Fundi aliuficha chini ya turubai akaupeleka nyumbani. Ulitoka kwenye stoo ya jikoni ya meli iliyokaa bila kazi miaka mingi, stoo ambayo wenzake walikataa kuingia, kila mmoja akisema anaumwa tumbo.

"Mke wangu, mwisho wa pazia!" alitamba siku aliyoufunga bafuni. "Upepo usikuonyeshe tena kwa majirani."

Mama Usafi alicheka mpaka akakaa chini. Muda wote wa ndoa yao alikuwa akioga nyuma ya pazia.

Utaratibu wa nyumba ile ulijulikana mtaa mzima. Fundi akirudi kazini mikono imejaa vifaa, alibisha hodi kwa mguu. Alipiga mlango wa mbele pale chini kwa ncha ya kiatu, du, halafu du-du. Mkewe alijibu kutoka jikoni, "Bafuni kwanza!" na Fundi alilalamika, "Hata mgeni husalimiwa kwanza, mama!" Kisha aliingia bafuni, akafunga mlango, akaoga. Kila siku. Salamu na chakula baadaye.

Utelezi ulipoanza, Mama Usafi aliupiga mlango ule kwa kila dawa ya dukani. Asubuhi ya pili ulikuwa umerudi, mzito zaidi. Halafu ikaja harufu. Chukua maji yaliyooshea samaki, yaweke juani wiki nzima, tia dizeli humo, bado hujaifikia. Kwenye tundu la maji aliokota kitu laini cha duara akidhani ni kipande cha sabuni, akakigeuza, kikamtazama. Lilikuwa jicho la samaki. Mswaki wake aliukuta umeota nyuzi za kijani. Siku hiyo aliapa hatagusa tena mlango ule, akahamia kuogea uani kwa ndoo, nyuma ya mashuka aliyoyaanika.

"Pua yako ina ugomvi," Fundi alimtania. "Mimi sisikii kitu."

"Yako ilishakufa kazini."

Fundi akaendelea kuingia na kufunga, na kila alipotoka, alitoka na kitu kidogo kimepungua. Vidole vilikuwa vimejikunja vyeupe kama vya mtu aliyeloweka nguo kutwa, na havikunyooka. Alimega mkate, ngozi ya ncha ya kidole ikabaki juu ya siagi. Alikohoa mezani, akatema kwenye leso mchanga mweusi na kitu chembamba kilichokuwa bado kinajinyonganyonga. Mkewe alikimbilia nje kutapika. Aliporudi alimkuta Fundi amekaa palepale, machozi yanamtiririka.

"Kuna mtu humo bafuni," alisema kwa sauti ndogo. "Nikifunga tu, taa inakuwa mbali. Kunakuwa kukubwa, mke wangu. Mtu ananisugua mgongo. Nilidhani ni wewe."

Mganga aliitwa kesho yake mchana. Alikuwa mama wa makamo mwenye kandambili na mkoba wa sokoni, na alipofika mlangoni pa korido alisimama akajiziba pua kwa ncha ya kanga. Hakuingia bafuni. Alichungulia, akarudi nyuma, akamvuta Mama Usafi mpaka uani.

"Mama, ni nini?"

"Shusha sauti, binti yangu, anasikia. Mlango ule una mwenyewe. Ni jini. Alikaa kwenye chumba chake gizani miaka yote hiyo hakumgusa mtu, mumeo akaenda kumng'olea mlango. Ameufuata. Anayeingia akaufunga haingii bafuni kwako, anaingia kule kwake."

"Tuuchome moto?"

"Thubutu! Urudishwe kwenye meli yake, kwenye bawaba zake zilezile, na uachwe wazi. Na mpaka uondoke hapa, mumeo asifungiwe humo hata mara moja. Amebaki kidogo sana. Akifungiwa tena, atakayetoka si yeye."

Mama Usafi alishika mdomo.

"Na nguo moja yenye jasho lake usiifue," mganga aliendelea kunong'ona. "Likitokea la kutokea, ipeleke baharini, juu ya ile meli, uizamishe umwite. Atalifuata jasho lake. Jini anaweza kuchukua sura ya mtu, sauti, hata mwendo. Jasho hana."

Basi Mama Usafi alichukua ovaroli la kazi, lile gumu lenye chumvi kwapani, akalibeba kwa vidole viwili, akalifunga kwenye mfuko wa plastiki na kuutundika uani. Mzamiaji mkuu wa kampuni, rafiki wa Fundi, alikubali kuja asubuhi kuuchukua mlango. Meli ya mlango ule ilishazamishwa, lakini haikulala mbali. Ilibaki jioni moja tu ya kuvuka.

Jioni hiyo Fundi alivua shati akamgeuzia mkewe mgongo. "Kunaniwasha. Nitazamie."

Mgongo wote ulikuwa umeota yale magamba makali yanayoganda kwenye matumbo ya meli. Yalikaa kwa mafungu, ya kijivu, kutoka mabegani hadi kiunoni, na kila moja lilikuwa na mdomo mdogo uliofunguka na kufumba. Mama Usafi alijikaza kisabuni. Alimpenda mume wake, wala usimfikirie vingine. Alichukua kisu cha jikoni, akainamisha uso pembeni, akaanza kukwangua, na magamba yakawa yanadondoka kwenye beseni moja moja huku yakiacha vishimo vyeupe visivyotoka damu, vinavyotoka maji, maji ya kijivu yenye ile harufu ya bafuni, na Fundi alikuwa akiguna na kusema asante, asante mke wangu, naona nafuu, mpaka kisu kilipofika kwenye gamba kubwa la katikati ya uti wa mgongo, likang'oka na kipande cha nyama laini kama ini bovu, na ndani ya tundu lile ulimi ukatokeza, ulimi kabisa, mwekundu, ukalamba ncha ya kisu na kurudi ndani taratibu.

Mama Usafi alipiga yowe. Matapishi yakamjaa kinywani. Fundi, masikini, aligeuka kutaka kumshika, na mkono wake laini wenye maji ukamgusa shavuni, ukaacha ngozi.

"Usiniguse!" alipiga kelele. "Toka! Nenda kule!"

Alimsukuma kwa mikono miwili. Korido ilikuwa fupi, sakafu ilishaloa, Fundi akateleza kinyumenyume hadi bafuni, na mkewe, bila kufikiri, kwa kinyaa tu, akaubamiza mlango na kuushikilia mpini kwa nguvu zake zote. "Usitoke humo mpaka uwe msafi!"

"Mke wangu, nifungulie." Sauti ilikuwa karibu. "Nifungulie, naogopa huku."

Ndipo alipokumbuka maneno ya mganga. Akauvuta mpini, haukugeuka, akauvuta kwa uzito wake wote, haukugeuka, na upande wa pili ikaja ile hodi ya kila siku, pale chini, ya ncha ya kidole cha mguu, du, halafu du-du, halafu tena, mbali kidogo, halafu mbali zaidi kama mtu anayebebwa ndani ya handaki refu, huku maji yakifoka chini ya mlango yakimlowesha miguu, na jina lake likiitwa kwa sauti iliyokuwa ikijaa maji, mpaka kukawa kimya.

Mpini ukageuka wenyewe. Fundi akatoka.

Alikuwa safi. Mgongo laini, vidole vimenyooka, nywele zimechanwa. Harufu ilikuwa imekwisha nyumba nzima. "Umefanya vizuri, mke wangu," alisema akitabasamu. Akageuka, akaufunga mlango kwa mkono, polepole.

Mama Usafi alijiambia ni yeye. Nani asingejiambia? Asubuhi mzamiaji alikuja na vijana wa kazi wakaung'oa mlango, wakaupakia kwenye boti. Mganga alipopita kuuliza kama usiku ulikwenda salama, Mama Usafi alijibu, "Salama tu, mama," macho yakiwa chini. Fundi alisimama getini akiitazama boti mpaka ikapotea.

Siku zilizofuata nyumba ile ilimeta. Fundi hakurudi tena kazini. Alifagia, alideki, alisugua masufuria. Majirani walimwonea wivu Mama Usafi waziwazi. Yeye alikuwa halali. Alikuwa akisogeza pua kwenye shingo ya mtu aliyelala ubavuni mwake, akavuta pumzi, asipate kitu. Hata harufu ya ngozi. Na yale makovu ya cheche mikononi, aliyokuwa akiyajua moja moja, hayakuwapo.

Siku moja Mama Usafi akiwa anatoka dukani, mzamiaji alimsimamisha barabarani. Uso wa yule baba ulikuwa umemsawajika.

"Shemeji, Fundi yuko wapi?"

"Yuko nyumbani. Anafua." Alijaribu kucheka. "Siku hizi ananishinda mimi."

"Umemwona kwa macho yako leo?"

"Si nimemwacha sasa hivi. Kwani vipi?"

Mzamiaji alitazama huku na huku. "Ule mlango niliuweka mimi mwenyewe, nikauacha wazi, nikaufunga kwa waya ukutani usijisogeze. Leo nimeshuka na wageni nikaukuta umefungwa. Nimeuvuta, hausogei. Halafu shemeji, sijui niseme vipi... kuna mtu ndani. Anapiga. Hapigi kwa mkono, anapiga huku chini, kwa mguu."

"Anapigaje?" alinong'ona Mama Usafi, ingawa alijua.

Mzamiaji alinyanyua mguu, akagonga ukuta wa duka kwa ncha ya kiatu. Du. Halafu du-du.

Vitu vya dukani vilimponyoka. "Washa boti!" alisema. "Usiende popote, nisubiri, nakuja sasa hivi!" Akakimbia. Alikimbia kandambili zikamtoka, hakuzirudia, kichwani ana kitu kimoja tu, ule mfuko wa plastiki, lile ovaroli chafu, gumu, lenye chumvi kwapani, na njiani alikuwa akisema kwa sauti, nakuja baba, nisamehe, nakuja.

Uani kamba zote zilikuwa zimejaa. Mashuka, mashati, mapazia, vyote vyeupe vinapepea. Mwisho kabisa, karibu na ukuta, mwanamume yule alikuwa akikamua matone ya mwisho kutoka kwenye ovaroli la kazi. Mfuko wa plastiki ulikuwa umekunjwa vizuri pembeni ya beseni.

"Nimekufulia zote, mke wangu," alisema. "Hata ile ya kwenye mfuko. Ilikuwa inanuka."

Mama Usafi alimnyang'anya lile ovaroli, akalibana usoni kwa mikono miwili, kwapani hasa, akavuta pumzi yote aliyokuwa nayo. Lilinukia sabuni tu.