Nililificha Gemu Ndani ya Maua ya Dada

"Umegusa kompyuta yangu."

"Sijaigusa, nilikaa tu nikaangalia..."

"Ulikaa vipi bila kugusa? Ulikalia hewa?"

"...nikaangalia video ya breki za lifti, nikazima, nikaenda kulala. Video ina..."

"Maua yangu yako wapi?"

"...ina uhusiano gani na maua yako, mke wangu?"

Hakuna aliyekuwa anamsubiri mwenzake amalize. Dada yangu mkubwa amesimama mbele ya meza, flashi mkononi, kilemba amekifunga nusu. Mume wake, yaani shemeji yangu, fundi wa lifti, mguu mmoja una buti, wa pili uko na soksi.

Mimi nipo mlangoni na kikombe cha chai.

Nyinyi mnaosoma mnanihesabu kama shahidi. Hapana, jamani. Mwenye kosa ndiye mimi...

Dada akanigeukia.

"Wewe uliyesoma, hebu niambie. Folda inaweza kujifuta yenyewe?"

Nikapiga funda la chai. Ikaniunguza, nikaimeza hivyo hivyo.

"Yenyewe haiwezi," nikasema. "Labda shemeji alibonyeza kitu bila kujua."

Nilisema hivyo. Kwa mdomo huu huu ninaolia chakula chao.

Sasa ngoja niwarudishe nyuma, maana mkianza kunitukana mapema mtachoka kabla ya kufika kwenye matusi yenyewe. Majina sitaji. Na dada hasomi mambo ya huku, anasema mitandao ni ya watu wasio na uzi wa kuingiza kwenye sindano.

Dada ni fundi wa tarizi. Sebule yake nusu ni sebule, nusu ni karakana. Makochi yamesukumwa ukutani, katikati kuna mashine ya kutarizi, na pembeni yake kompyuta. Anachora ua kwenye kompyuta, analihamishia kwenye flashi, anachomeka flashi kwenye mashine, sindano inaanza kucheza yenyewe.

Ile mashine ni ya zamani na ina kiburi. Ukiijazia flashi maua mengi inagoma kusoma. Kwa hiyo dada ana mtindo wake: anaweka ua moja, anashona, anafuta flashi, anaweka lingine. Maua yote aliyowahi kuchora maishani yanakaa sehemu moja tu, kwenye folda aliyoiita Tarizi.

Mimi? Mimi chuo nilikiacha kikiwa kimebaki kidogo tu. Ni hadithi ndefu na haina shujaa. Dada akanipokea, akanipa chumba cha nyuma, akasema nipumzishe akili.

Akili ikapumzika mpaka ikaota kutu.

Nikawa mtu wa vituko. Shemeji nilimbadilishia mlio wa simu ukawa mbuzi, ukalia yuko kikaoni na bosi wake. Kishale cha kompyuta ya dada nilikigeuza mende, akaipiga skrini na kandambili. Walinichekea. Hapo ndipo walipokosea.

Halafu nikalishusha gemu.

Sio gemu la kitoto, wazee. Lile la vita, lenye milima na miji yake, kubwa mpaka kompyuta ilikuwa inahema kama imepanda ngazi. Na haliji peke yake. Linakuja na lancha, ile programu mama inayolifungua na kulilisha. Lancha hiyo ikishaingia ni kama mgeni aliyehamia na godoro. Unawasha kompyuta, iko pale pembeni ya saa inakuchungulia.

Kompyuta ikaanza kukwama. Dada akivuta petali moja inasubiri kama inaomba ruhusa kwa mjomba. Akaniambia kwa upole kabisa nilitoe.

Nikamwambia nimeshalitoa.

Kumbe nilifuta aikoni tu pale usoni pa skrini. Gemu nikalihamishia na lancha yake ndani ya folda ya Tarizi, humo humo, katikati ya maua, bila hata kulitengea folda yake. Nilijiona mjanja wa karne. Nani atatafuta bunduki kwenye maua? Nikacheka peke yangu mpaka nikajipiga paja.

Nilikuwa ninacheza akienda sokoni kununua nyuzi. Napita kwenye waridi lake, napita kwenye mzabibu wake, nafika kwenye vita vyangu.

Sasa ikaja habari njema. Karakana kubwa ya sare, ile inayoshonea mahoteli na mahospitali, ilikuwa inatafuta mkuu wa kitengo cha tarizi. Dada akaitwa. Akaambiwa aje na michoro yake kwenye flashi, wataifungua kwenye mashine zao za kisasa na kushona mmoja pale pale mbele ya wakubwa.

Sijawahi kumwona dada yangu vile. Anaosha vyombo anatabasamu na sufuria. Alisema kwa mara ya kwanza atafanya kazi kwenye mashine isiyomgomea.

Jioni ya kuamkia siku hiyo, kompyuta ikakwama tena. Dada alikuwa ameenda kusukwa, shemeji ndiye aliyekuwa ameikalia. Shemeji akaja chumbani kwangu, akakaa kwenye ukingo wa kitanda.

"Shemeji," akaniambia, "lile dude lako bado limo. Mimi ni mtu wa mashine, nasikia mashine ikibeba mzigo. Litoe na mizizi yake. Kesho ni siku ya dada yako."

Hakunisema. Hakunitishia kunisemea. Aibu ikanipanda, nikaamua kulitoa kiukweli.

Nikaenda kwenye orodha ya programu, nikabonyeza ondoa. Likagoma, linasema lancha bado inafanya kazi. Nikaifuata pale pembeni ya saa, nikaifunga. Nikarudi. Gemu likaondoka, milima na miji yote, kama mchezo. Ila lancha ikabaki imekaa, na godoro lake. Nikaibonyeza nayo: ondoa.

Ikaniuliza swali. Kidirisha kirefu, maandishi mengi. Kwa kifupi, ilikuwa inauliza kama iifute folda inamokaa pamoja na kila kilichomo ndani yake.

Mimi mtu wa chuo, nisome maswali ya lancha?

Ndiyo.

Ikaniuliza tena kama nina uhakika.

Ndiyo, bwana, toka.

Mstari wa kijani ukakimbia mpaka mwisho. Kompyuta ikawa nyepesi kama imetua kuni. Nikamwita shemeji aje aone, kidirisha kikiwa bado kimefunguka kinatoa taarifa ya kazi iliyofanyika. Akainama, akakitazama kwa muda, akanipiga bega, akasema vizuri. Nikaenda zangu kuoga ninaimba. Yeye akakaa pale, na dada aliporudi alimkuta anaangalia video ya breki za lifti.

Mnaelewa sasa kwa nini asubuhi alikuwa mshukiwa.

Mnaelewa na mimi nilifanya nini pale mlangoni na chai yangu.

Dada aliondoka na mfuko wa vitambaa alivyokuwa ameshashona, mashuka na makola ya wateja aliyoazima kwa kukimbia nyumba kwa nyumba. Kilemba akakimalizia njiani. Shemeji akavaa buti la pili akaenda kazini.

Nikabaki mimi na kompyuta.

Nikalifungua pipa la taka. Tupu. Vitu vilivyofutwa na lancha havipitii pipani, vinakwenda moja kwa moja. Nikashusha programu ya kufufua vilivyofutwa. Ikahangaika weee... ikaniletea majina. Waridi la harusi. Mzabibu wa kola. Ndege wawili. Nikafungua moja baada ya lingine. Majina yapo, ndani hakuna hata mshono. Ni kama kwenda kaburini kusoma vibao.

Nilikaa pale nikiyatazama yale majina. Na msinielewe vibaya, sikuwa ninaogopa kufukuzwa. Kilichoniuma ni kwamba asubuhi ile ningeweza kusema ukweli kwa sentensi moja, nikachagua sentensi nyingine.

Dada alirudi mchana. Nilijua kutoka kwenye hatua zake. Mtu mwenye habari njema haweki mfuko chini polepole vile.

Akatueleza mezani, maana shemeji naye alikuwa amerudi mapema kumsubiri. Wakubwa walivipenda vitambaa, wakavigeuza mbele na nyuma, wakamsifu mkono. Halafu wakaomba flashi. Akawaambia michoro imepotea. Wakatazamana. Mmoja akamwambia kwa heshima kwamba kitambaa mtu yeyote anaweza kukibeba, wao wanataka kuona mchoro wenyewe. Nafasi wakampa aliyemfuata kwenye foleni.

"Labda ni mimi," dada akasema. Anaongea na meza. "Nilikuwa na haraka ya kusukwa. Labda nilifuta folda badala ya flashi. Mimi huwa ninafuta kila siku, mkono umezoea kufuta."

Hapo ilikuwa nafasi yangu ya pili, watu wangu. Mlango umefunguliwa wazi. Nikaangalia vidole vyangu.

"Sio wewe," shemeji akasema.

Nikajua kimenuka, anakuja kwangu.

"Ni mimi," akaendelea. "Jana nilikuwa natafuta pa kuhifadhi ile video. Nikabonyeza nisipopajua. Asubuhi nikaogopa kukwambia."

Nilinyanyua kichwa. Mtu mzima, mwenye grisi kwenye kucha, anaomba msamaha wa kosa ambalo hajalifanya. Na anadanganya vibaya, masikio yamemwiva.

Dada hakupiga kelele. Ingekuwa afadhali. Aliinuka akaenda kuipaka mashine yake mafuta, sehemu ambazo alishazipaka jana. Toka siku hiyo akamnunia mumewe kimya kimya. Chakula anakiacha mezani kimefunikwa, anaondoka. Akiulizwa, anajibu "sawa." Ile "sawa" ya wanawake, wenye ndoa mnaijua, nzito kuliko tusi.

Lakini kwangu mimi alikuwa mwema zaidi. Ananipakulia nyama kubwa. Nilimweleza jinsi nilivyohangaika kuyafufua maua, basi ananiambia, "Wewe peke yako ndiye uliyejaribu kunisaidia."

Ile nyama sikuwahi kuimeza vizuri.

Funzo nawapa hapa hapa katikati, kwa sababu mwisho sitakuwa na nguvu ya kulitoa. Kompyuta, pamoja na ujinga wake, iliniuliza zaidi ya mara moja kama nina uhakika. Binadamu hana kidirisha hicho. Ukishamtupia mwenzako lawama, imetoka. Na aibu ya kosa ni ndogo, inapita kama homa. Aibu ya kumwona mtu mwingine amelibeba kosa lako, ndugu zangu, hiyo inahamia na godoro.

Nikaona siwezi. Nikaamua kwenda kumwambia shemeji kwanza, tukubaliane jinsi ya kumwambia dada.

Nilimkuta kazini, kwenye jengo refu la maofisi. Chumba cha mashine ya lifti kiko juu kabisa, chini ya paa, unapanda ngazi ya chuma. Ndani joto, harufu ya grisi, gurudumu kubwa limekumbatiwa na kamba za waya. Alikuwa amepiga magoti anafuta vumbi kwenye breki. Akaniashiria nisikanyage mstari mwekundu.

Nikasimama pale.

"Shemeji, ni mimi niliyefuta," nikasema.

"Najua."

Hata kugeuka hakugeuka.

"Unajua?"

"Uliniita mwenyewe nione. Kile kidirisha kilikuwa kinasema kimefuta folda gani. Jina la Tarizi nalisoma kila siku, nikawa najiambia labda sijaelewa lugha yao. Asubuhi nikaelewa."

"Kwa nini hukunitaja? Nilikusingizia mbele ya mke wako."

Akaiweka brashi chini. Akajifuta mikono kwenye kitambaa, kidole kimoja kimoja.

Nikamwambia simwachi anuniwe tena kwa ajili yangu. Leo leo, dada akirudi kutoka sokoni, ninamwambia yote, gemu, lancha, chai, kila kitu, na jioni ninabeba begi langu. Nilikuwa ninalia, sioni haya kuwaambia. Na nitasema ukweli: ndani ya kile kilio kulikuwa na raha kidogo. Raha ya mtu anayekaribia kuutua mzigo.

Shemeji alinisikiliza mpaka mwisho. Pale nyuma yake gurudumu likaanza kuzunguka, mtu huko chini ameita lifti. Akasubiri litulie.

"Ulipoacha chuo," akasema, "ukoo mzima ulikucheka. Baba mdogo wenu aliyasema hadi kwenye msiba. Dada yako peke yake ndiye aliyesimama akasema mdogo wangu ana akili na ana moyo, mtaona. Mpaka leo anasema hivyo kwa wateja wake. Unamjua yule mteja wa mashuka? Hata kwake dada yako anakusifu."

Sikuwa ninajua.

"Sasa maua yamekwenda. Kazi imekwenda. Mume amekuwa mzembe, sawa, waume tumezoea kununiwa, atanisamehe nguo zikijaa kikapuni nikamfulia. Amebakiwa na kitu kimoja tu cha kujivunia, nacho ni wewe."

Akanisogelea. Kwa mara ya kwanza toka nimjue, mtu yule alikuwa kama ananiogopa.

"Nakuomba, shemeji yangu. Usimwambie."