Kehinde Hatangulii

Jioni ile mke wangu aliniomba kitu kimoja tu. Nimwekee gemu ya pikipiki.

Taiye alikuwa hajatia kitu mdomoni tangu juzi. Hata uji wa mahindi, ule asiotaka utiwe hata chembe ya sukari, alikuwa akiusukuma pembeni. Hospitali walimpima damu, wakampima kifua, wakatuambia hana ugonjwa, ana msiba. Basi alipofumbua macho na kuomba gemu, nilifurahi kama niliyeokota mkufu wa dhahabu.

"Leo leo, Gbolahan," alinong'ona. "Usilaze."

Nikachukua kidude chake cha kuchezea, nikatoka mbio kwenda dukani kwangu, sokoni Dugbe. Jua lilikuwa linazama na mvua ya Ibadan ilikuwa inajiandaa kurudi tena.

Kazi yangu ni kuwaingizia watu gemu. Unaniletea kidude chako cha mkononi na kadi yake, unachagua gemu, mimi napakua, naingiza, unaondoka unacheka. Haina uchawi kazi hii. Na mimi mwenyewe watu wa uchawi nilikuwa nawacheka mchana kweupe, mdomo wangu haukuwa na breki.

Rafiu, fundi simu wa duka la pili, alikuwa anashusha mlango wake.

"We Gbolahan! Mkeo mgonjwa, wewe umekuja kuota taa huku?"

"Nimetumwa na mwenye mali."

"Basi fanya upesi. Petroli ya jenereta imebaki ya kunusa tu."

Akaenda zake. Wengine nao wakafunga mmoja mmoja. Nikabaki peke yangu na mngurumo wa jenereta kwa nje.

Nilichomeka kadi ya Taiye kwenye kompyuta, nikaanza kuingiza gemu. Ule mstari wa kijani ukawa unajaa polepole... Gemu ile naijua. Waliicheza miaka yote, yeye na pacha wake Kehinde, kila mmoja na kidude chake, maana kwetu pacha ukimnunulia mmoja umejitafutia balaa. Watu wawili mnakaa karibu, vidude vinatafutana kwa mawimbi, mnashindana.

Kehinde hakuwahi kuanza yeye. Ndivyo mapacha walivyo kwetu. Anayetoka tumboni kwanza ni Taiye, lakini mkubwa ni Kehinde, yule wa nyuma. Yeye ndiye humtuma mdogo wake: tangulia, kaonje dunia, ukiona tamu niite. Kwa hiyo Taiye ndiye aliyekuwa mchezaji wa kwanza siku zote. Kehinde wa pili. "Mimi mkubwa, sitangulii," alikuwa akisema, kisha ananigeukia. "Au vipi, Bwana Waya?"

Jina hilo alinipa yeye. Hakuna mwingine aliyeniita hivyo.

Homa ilimchukua mwanzo wa masika. Kidude chake mama mkwe alikiweka ndani ya jeneza kwa mkono wake mwenyewe. Nilikiona. Niliona na kifuniko kikipigwa misumari.

Mstari ukajaa. Nikarudisha kadi, nikawasha kidude nijaribu kama gemu inafunguka. Ikafunguka vizuri tu, muziki wake ule ule. Ikaanza yenyewe kutafuta wachezaji walio karibu. Nikatabasamu. Karibu na nani, soko zima limefungwa?

Jenereta ikakohoa. Ikazima.

Giza. Kimya. Mwanga wa vioo viwili tu, cha kompyuta iliyobaki na betri yake na cha kidude.

Ndipo nikaliona jina.

KEHINDE. Anasubiri mchezaji wa kwanza.

Nikajiambia ni jina tu, akina Kehinde wamejaa Ibadan. Lakini mawimbi ya vidude hivi hayafiki mbali, ni ya chumba kimoja, labda chumba na baraza. Nikachungulia nje. Milango imefungwa. Hakuna hata paka.

Harufu ikaja. Udongo mbichi... na ndani yake mafuta ya nywele, yale ya karafuu aliyopaka Kehinde peke yake.

Ubavuni mwa kidude kuna kiswichi cha kukata mawimbi. Nikakikata. Jina halikuondoka. Kando yake kulikuwa na kijistari kimoja cha nguvu ya mawimbi. Kikawa viwili.

Alikuwa anasogea.

Nikabonyeza kukizima kidude kabisa. Kioo kikawa cheusi. Simu ikalia papo hapo, nikaruka mpaka nikagonga rafu.

Mama mkwe, niliyemwacha kando ya kitanda cha Taiye. Sauti yake ilikuwa ya chini kabisa.

"Mwanangu, umefanya nini huko?"

"Sijafanya kitu, Mama. Nimezima tu..."

"Washa."

"Mama..."

"Washa, Gbolahan! Shingo imemlegea! Hapumui!"

Nikawasha. Muziki ukarudi. Jina likarudi, sasa vijistari vitatu. Kwenye simu nikasikia mtu akivuta pumzi ndefu ya kukwaruza, ya mtu aliyetolewa majini.

"Amekaa kitandani," mama mkwe akanong'ona. "Macho kafumba. Vidole gumba vyake vinabonyeza hewa. Vinabonyeza, vinabonyeza... Anasema, natangulia, dada, natangulia. Mikono yake ni barafu mpaka viwikoni."

Machozi yalinitoka. Sioni haya kusema. Nilimwona Taiye wangu anaondoka, na mimi nimesimama na kidude mkononi.

"Nifanye nini, Mama?"

"Kehinde wangu hajui kutangulia," akasema, na sasa alikuwa akilia. "Tangu tumboni mwangu hajui. Safari hii kaenda wa kwanza, kafika mlangoni, kakwama. Anamwita mdogo wake aje amwonjee. Mtafutie wa kumtangulia. Yeyote! Upesi!"

Yeyote. Ningemtoa wapi?

Hapo ndipo akili ya kazi yangu ilipofanya kazi. Ndani ya kadi ile alikuwemo Taiye mzima. Jina lake, kapicha kake akicheka, pikipiki yake nyekundu, njia zote alizowahi kuendesha. Na droo yangu ilikuwa na kidude cha mteja aliyekiacha na asirudi. Ningetoa nakala. Ningempelekea Kehinde Taiye wa karatasi, Taiye wangu angebaki kwangu.

Nikachomeka kadi zote mbili kwenye kompyuta, kidude cha Taiye nikakiacha kinawaka. Nikafungua faili la TAIYE. Pakatokea maneno, moja juu ya jingine, kama yanavyotokea kila siku ya Mungu.

Nakili. Hamisha.

Vijistari vinne. Nyuma ya shingo yangu mtu alipumua.

"Bwana Waya..."

Nikabonyeza. Mstari ukajaa mara moja. Nikairudisha kadi ya mteja kwenye kidude chake, nikakiwasha, nikaingia kwenye gemu. TAIYE, mchezaji wa kwanza. KEHINDE, mchezaji wa pili. Nikafumba macho, nikabonyeza kuanza.

Nilipofumbua, pikipiki mbili zilikuwa zinakwenda, nami sishiki kitu. Nyekundu mbele. Nyeupe nyuma. Njia ile siijui, gemu ile haina njia ya namna ile, haina taa, haina watu. Zikaingia gizani. Wasichana wawili wakacheka ndani ya spika ndogo... kisha mmoja akanyamaza.

Harufu ikaondoka. Mvua ikaanza kupiga bati.

"Gbolahan?" Mama mkwe, kwenye simu. "Amefumbua macho. Mikono inapata moto. Anaomba uji."

Nilikimbia mpaka nyumbani kwenye mvua, nikilia na kucheka. Vidude vyote viwili niliviacha mezani.

Nilimkuta kitandani, bakuli mapajani, anakula kama aliyetoka kufunga. Uso umerudi, macho yanang'aa. Nilipiga magoti nikamkumbatia miguu. Alinuka mvuke wa uji na usingizi.

"Mama," akasema, "ongeza sukari."

Mkono wa mama mkwe ulisimama hewani.

Akamtazama binti yake. Akamtazama kwa kitambo. Kisha akachota kijiko cha sukari, akatia, akachota kingine, akatia. Akaondoka na kibuyu chake cha maji, na nikamsikia huko jikoni akijizuia kilio.

Mke wangu alilamba kijiko.

"Umelowa chapachapa, Bwana Waya."

Nikacheka. Ndiyo, nilicheka. Dada yake amekufa, amelichukua jina la utani la dada yake, kuna ajabu gani? Na mgonjwa anatamani sukari. Nililala nimemshika mkono, na mkono ulikuwa wa moto.

Kesho yake nikaenda dukani kumchukulia kidude chake. Nikakirudishia kadi, nikakiwasha. Gemu ipo, haina mchezaji. Nikafungua kadi kwenye kompyuta. Faili la TAIYE hakuna. Nikalitafuta kila mahali ambapo mtu wa kazi yangu anaweza kutafuta.

Ukinakili, kitu kinabaki huku na kinakwenda kule. Ukihamisha, huku hakibaki.

Sikumbuki nilibonyeza lipi. Naapa sikumbuki.

Kile kidude cha mteja kilikuwa bado kinawaka mezani, chaji imekaribia kuisha, taa nyekundu inapepesa. Njia ile ile isiyo na taa. Pikipiki nyekundu imesimama katikati, peke yake.

TAIYE. Anasubiri mchezaji wa pili.

Nilikichomeka kwanza, chaji ikajaa. Kisha nikakipeleka nyumbani, nikamwekea mke wangu mapajani. Akarudisha mikono yote miwili chini ya khanga.

"Ondoa kitu hicho."

"Si wewe uliyeiomba?"

"Ondoa, Gbolahan. Mule mna giza sana."

Alipoona ninavyomtazama, akatabasamu na kuanza habari za soko.

Tunaishi vizuri. Amenawiri, anapika, anaimba, majirani wananipongeza. Mama mkwe alihamia kwa kaka yake huko Iseyin, na akipiga simu huongea na mimi tu. Nami sijathubutu kumwuliza mke wangu jina lake, kwa kuwa atanijibu.

Kidude kile kipo droo ya dukani. Kila magharibi nakichomeka. Rafiu ananicheka: "Gemu ya mteja aliyepotea, unailisha petroli kuliko unavyolisha tumbo lako!" Acha acheke. Umeme ukikatika naacha wateja, naacha pesa mezani, nakimbilia jenereta. Usiku wa mvua nalala na betri ya akiba kando ya mto. Siku nyingine nafungua droo, natia mdomo karibu na kioo, namwambia nipo. Ile pikipiki nyekundu haijawahi kusogea, ila taa yake ya nyuma huwaka mara moja, kisha inazima.

Na kila nikirudi nyumbani, mke wangu hunipokea begi, hunipangusa vumbi mabegani, huniwekea chakula. Halafu anakaa karibu yangu, bakuli la uji mkononi, na kuniuliza kwa sauti tamu:

"Kile kitu, hakijaisha chaji tu?"