Chupa Itatupwa Saa Nane

Clémence huuza chikwangue, mikate ya muhogo, sokoni, komini ya Kisangani. Mikono yake haitulii. Anapanga vifurushi, anarudisha chenji, anamnyonyesha Glodi, na bado anapata nafasi ya kugombana na jirani yake Sara. Glodi ana miezi tisa na meno mawili.

Jumatano moja simu ililia. Alikuwa Larissa, dada yake mkubwa wa Barumbu. Binti wa Larissa angeolewa baada ya wiki tatu.

"Clémence, harusi iko, lakini rougeole nayo iko! Watoto wa huku wako na homa na vipele. Glodi alipata chanjo?"

Glodi hakuwa amepata chanjo ya rougeole, yaani surua. Siku ya chanjo kwenye kituo cha afya ni Jumatano, na Jumatano ndiyo siku ya wateja. Kila wiki alisema wiki ijayo. Harusi hawezi kuikosa, na Glodi bado ananyonya, hawezi kumwacha.

Akamfunga mtoto mgongoni, akanunua sindano mpya, akakimbia kwa Papa Ismaël, mfamasia. Si ndiye aliyemdunga mumewe Augustin sindano ya malaria? Sindano ni sindano, alijiambia.

"Papa Ismaël! Sindano niko nayo. Mumutie mutoto chanjo ya rougeole, mbio mbio!"

Papa Ismaël alicheka, kisha akatikisa kichwa. "Mama Glodi, ile chanjo sina, na ruhusa ya kuitoa sina."

"Lakini wanasema kule Ulaya pharmacien anachanja watu!"

"Ni kweli. Mu inchi zingine wanaruhusiwa, kwa chanjo fulani, juu walifundishwa na sheria inakubali. Hapa kwetu, chanjo za watoto ni centre de santé. Chanjo inataka baridi tangu kiwandani mpaka mu mukono wa mutoto. Ikipata joto inaharibika, na kwa macho hauwezi kujua. Mutu akikuuzia chanjo ya rougeole sokoni, umukimbie! Centre wanatoa bure, na wanaandika mu kadi."

"Bon, nitaenda wiki ijayo. Harusi ya Barumbu iko baada ya wiki tatu."

"Wiki ijayo tena? Mwili unataka karibu wiki mbili kwa kujenga kinga. Leo ni leo, mama!"

Papa Ismaël akampigia simu Chimène, muuguzi wa kituo. Sauti ya muuguzi ilisikika mpaka barabarani.

"Chupa ya chanjo iko! Nilifungua saa mbili, ya watoto kumi, wanane walikuja. Lakini ikisha kufunguliwa inakaa masaa sita tu. Saa nane kamili natupa!"

Ilikuwa saa saba na nusu.

Clémence alitoka kama mshale. Chikwangue zake alimwachia Sara, yuleyule wa ugomvi. Akamwona Évariste, mbeba abiria, kwenye baiskeli yake ya toleka, akapanda nyuma na mtoto wake.

"Centre de santé, Évariste! Saa nane chupa inatupwa!"

Évariste hakujua ni chupa gani, lakini mbio alizielewa. Walipita madimbwi, walipita kuku, walipita watu waliowatukana. Glodi alicheka njia nzima, maskini, hakujua anakopelekwa.

Walifika dakika tano kabla ya saa nane.

"Sindano yangu hii, mama Chimène."

"Weka tu. Zetu ziko hapa, kila mutoto na yake."

Glodi alidungwa, akapiga kelele za kumtisha mamba. Chimène akaandika kwenye kadi. "Siku zijazo anaweza kupata homa ndogo, usiogope. Ikizidi, umulete. Na akifika miezi kumi na tano, umurudishe kwa ya pili."

Clémence alitoka akicheka na kulia pamoja.

Baada ya wiki tatu alishuka mto mpaka Barumbu, Glodi mzima mgongoni. Larissa alimkumbatia, kisha akanong'ona. "Grâce, mutoto wangu wa mwisho, bado hana chanjo. Siku ya chanjo ni leo, lakini tunapikia harusi. Kuna mutu anauza chanjo sokoni, nimuite?"

"Hapana!" Clémence alimkabidhi Glodi kwa bibi harusi, akamnyanyua Grâce, akamshika dada yake mkono. "Twende centre, sasa hivi."

"Na sufuria zangu?"

"Sufuria itangoja, dada. Chupa haingoji."