Bibi wa Mwito

Kijiji chetu cha El Cascajal hakina siri. Ukisahau chumvi kwenye maharage, kabla jua halijafika utosini kijiji kizima kimeshajua. Na wengi wamejulia jikoni kwangu. Nyumba yangu haikauki watu, nami sipendi ikauke.

Leocadia ni jirani yangu, ukuta kwa ukuta. Ana miaka hamsini na tisa. Anauza gordita kando ya barabara, ile mikate minene ya mahindi yenye jibini ndani. Miaka miwili iliyopita aliingia darasa la watu wazima akajifunza kusoma. Mwaka huu tulimchagua kuwa mwenyekiti wa kijiji. Hatujawahi kuwa na mwenyekiti mwanamke.

Sasa, mwenyekiti ana kazi moja kubwa kuliko zote. Alfajiri ya tarehe kumi na sita Septemba, siku ya uhuru wetu wa Meksiko, anapanda jukwaani na bendera. Anapiga kengele. Anataja majina ya mashujaa, jina moja moja, nasi tunajibu, "Viva!", yaani aishi milele. Jambo hilo tunaliita Mwito. Mwenyekiti akikosea hapo, atachekwa mpaka kaburini.

Basi siku moja ya Agosti Leocadia alikuja kufanya mazoezi jikoni kwangu. Tulikuwa watu kumi na wawili. Mumewe, Fidencio, alikuwepo. Mzee Hilario pia alikuwepo, amekaa mlangoni na kikombe chake cha kahawa. Hilario ndiye aliyekuwa mwenyekiti kabla yake, miaka tisa mfululizo.

"Viva Hidalgo!" akaita Leocadia.

"Viva!" tukajibu.

"Viva Allende!"

"Viva!"

"Viva la dama!"

"Viva!"

Hilario akaweka kikombe chini. "Ngoja kwanza, mama. Viva nani?"

"La dama," akasema Leocadia. Kwetu maana yake ni bibi, mwanamke wa heshima.

"Bibi gani huyo?"

"Bibi wa Mwito, Mzee Hilario! Wewe mwenyewe umemtaja miaka tisa."

"Mimi? Mimi nilitaja wanaume watupu, wenye ndevu na farasi. Bibi umemtoa wapi? Kwenye unga wako?"

Watu wakacheka. Mimi niliinama nikapuliza moto ambao ulikuwa ukiwaka vizuri tu. Maana tangu utotoni, mimi pia nilikuwa nikimpazia sauti huyo bibi.

"Basi niambie wewe, ni jina gani?" akauliza Leocadia.

"Sikuambii. Orodha iko kichwani mwangu. Si umejifunza kusoma? Nenda kasome."

Leocadia akawa mwekundu kama pilipili. Akasimama katikati ya jiko.

"Sikilizeni wote. Kama katika Mwito hakuna bibi, bendera namwachia Mzee Hilario. Atapanda yeye jukwaani, mwaka huu na miaka yote."

Hilario akanyoosha mkono, wakashikana. Fidencio akashika kichwa. "Mke wangu, si ungeweka dau hata kuku!"

Kesho yake kijiji kizima kilikuwa na habari. Wateja walisimama mbele ya jiko lake wakisema, "Bibi wa Mwito, nipe mbili za jibini." Leocadia alikuwa akiwapa bila kuinua macho. Ukutani nilikuwa nikimsikia akinong'ona yale majina, akifika pale pa bibi ananyamaza.

Mwalimu wa darasa la watu wazima ndiye aliyetoa ushauri. "Kwa nini mnagombana jikoni? Mahali Mwito ulikoanzia si mbali. Nendeni mkapaone, siku moja inatosha. Lakini mpate mtu wa kuwaongoza."

"Nimeshampata," nikasema. Safari ilikuwa mikononi mwangu, basi dogo la kanisa limejaa. "Mkwe wa binamu yangu anajua kila kitu."

"Ana kadi?"

"Ana gari."

"Sijauliza gari, Tomasa. Mwongozaji aliyesomea kazi hiyo ana kadi yenye picha na namba yake. Mwombeni awaonyeshe kabla hamjaondoka. Asiye na kadi atawapigia hadithi, na nyinyi mtazileta hapa kama ukweli." Akaendelea, "Chukueni maji na kofia. Vaeni viatu vya kutembea. Na mchukue daftari. Kuuliza si aibu."

Yote tuliyafuata, isipokuwa viatu. Mimi nilivaa viatu vyangu vya kanisani, vya kisigino kirefu. Sikutaka mji wa watu unione na ndala.

Mwongozaji wetu aliitwa Amparo. Mwanamke mfupi, kadi shingoni, sauti ya chini inayokulazimisha kunyamaza. Kwanza alituingiza katika nyumba kubwa ya mawe pale mjini Querétaro, kwenye uwanja wa zamani. Leo ni ofisi ya serikali. Nimepita mbele ya nyumba ile mara mia nikienda sokoni. Sikuwahi kuingia.

"Mwaka 1810 tulikuwa bado chini ya mfalme wa Hispania," akasema Amparo. "Hapa aliishi afisa wake, na mkewe, Josefa Ortiz. Watu waliokuwa wakipanga uhuru walikutana kwa siri. Walijifanya wanakutana kusoma vitabu. Josefa alikuwa mmoja wao. Kisha siri ikavuja. Mume akamfungia mkewe chumbani, ghorofani, asije akafanya lolote."

"Mwanaume!" nikasema.

"Chini ya chumba chake alikaa mlinzi wa gereza, naye alikuwa upande wao. Josefa hakuwa na ufunguo. Hakuwa na mtu wa kumtuma. Alikuwa na nini?" Amparo akanitazama miguuni. "Mama, niazime kiatu."

Nikamvulia. Akainama, akagonga sakafu ya mawe kwa kisigino changu. Ko. Ko. Ko.

Sauti ikazunguka ua wote, ikapanda ngazi, ikarudi. Nilisimama na mguu mmoja mtupu kwenye jiwe la baridi, nywele zimenisimama. Nchi nzima, nikawaza. Nchi nzima ilianzia kwenye kisigino cha mwanamke.

"Inasimuliwa kwamba alijua kusoma, lakini kuandika hakujua," akaendelea Amparo. "Alikata maneno kwenye karatasi zilizochapishwa, akayabandika moja moja, yakawa barua. Wako wanaolibishia jambo hilo. Mimi nawaambia kama linavyosimuliwa."

Leocadia alilikumbatia daftari lake kifuani. Machozi yalikuwa karibu. Kisha akageuka.

"Mzee Hilario, umesikia? Bibi huyo."

"Nimesikia. Ila mimi sikumtaja huyo," akasema Hilario. "Twende mbele."

Tukaenda mji wa San Miguel. Tukashuka kwenye mtaa mwembamba wa mawe, unaoteremka moja kwa moja hadi kanisani. Minara yake ina rangi ya waridi, imechongoka kama mishumaa iliyoyeyuka ikaganda. Visigino vyangu vilikuwa vinaniua. Kila jiwe nilimwomba mtakatifu mwingine.

Hilario akasimama kwenye kona. Ukutani palikuwa na kibao chenye jina la mtaa.

"Mwenyekiti," akasema, "tusomee."

Leocadia akasogea. Akaweka kidole hewani, kama anavyofanya darasani. "A... l... Al. Da. Alda. Ma." Akarudia. "Aldama."

"Kwa sauti."

"Aldama." Midomo ikacheza. Viva Aldama. Viva la dama. Ukisema haraka, masikio hayatofautishi. "Hakuna nafasi katikati," akasema polepole. "Ni neno moja. Ni mtu."

"Juan Aldama," akasema Hilario. "Mwenye ndevu na farasi."

Leocadia akakaa kwenye kizingiti cha nyumba ya watu. "Bendera yako, mzee."

Mimi sikuweza kuvumilia. "Kama ni kosa, basi nichekeni na mimi. Miaka hamsini nimesema la dama!"

"Hata mimi," akasema Fidencio. "Nilidhani ni Bikira Maria."

"Hata mimi," wakasema wawili watatu nyuma, wakitazama viatu vyao.

Amparo akataka kujua kuna nini. Tukamweleza, sote kwa pamoja, kama kuku. Hakucheka. Alikaa kizingitini kando ya Leocadia.

"Mama, zile hodi tatu za kisigino zilimfikia mlinzi. Josefa akamnong'oneza kwenye tundu la ufunguo: kimbia San Miguel, kamwambie mwenzetu Allende siri imevuja. Mlinzi akapanda farasi. Akafika hapa. Allende hakuwepo. Unajua nani aliupokea ujumbe?"

"Sijui."

"Aldama. Juan Aldama. Naye akaruka kwenye farasi, wakaenda na mlinzi hadi Dolores, kwa Padri Hidalgo. Neno lilitoka kwa bibi likaingia kwa Aldama. Wewe umewaweka watu wawili katika jina moja. Nimefanya kazi hii miaka kumi na minne, sijasikia kosa zuri kama hilo."

Leocadia akafuta pua. "Zuri, lakini kosa. Mimi niliapa. Bibi hayumo katika Mwito."

"Nani amesema hayumo?" akashangaa Amparo. "Viva Josefa Ortiz! Yumo kila mwaka, nchi nzima. Anafuata palepale karibu na Allende. Kwenu nani anataja majina?"

Tukageuka wote kumtazama Hilario. Akavua kofia, akaitazama ndani kana kwamba amepoteza kitu humo.

"Nilikuwa nafupisha," akasema. "Orodha ndefu. Koo hukauka."

"Umefupisha mwanamke!" nikapiga kelele. Mpaka wauza maua wakageuka.

"Nilipokea hivyo kwa mjomba wangu. Naye sijui alipokea kwa nani."

Jioni ilikuwa bado mbali tulipofika Dolores. Njiani basi zima lilikuwa likipiga soga. Tulipoingia uwanjani, tukaona lile kanisa, soga zikaisha zenyewe. Mbele yake pamechongwa pote, jiwe juu ya jiwe, kama kitambaa cha kudarizi. Chini kuna ngazi za kawaida tu, zimelika katikati kwa miguu ya watu.

"Ilikuwa Jumapili kama leo," akasema Amparo. "Alfajiri. Kengele ikalia, watu wakaja. Wakulima, wafinyanzi, na wafungwa waliokuwa wamefunguliwa gereza. Walikuja na walichonacho: mapanga, fimbo, kombeo. Padri Hidalgo akasema nao hapa mlangoni; ndio Mwito wa kwanza. Wakaondoka hapa hapa kwenda vitani. Vita ilichukua miaka kumi na moja. Wengi hawakurudi. Aldama alipigwa risasi mwaka uliofuata. Josefa alifungwa miaka mingi."

Fidencio, ambaye hata msibani hanyamazi, alikuwa ameshika mkono wa mkewe.

Hilario akainua macho mnarani. Akavua tena kofia. "Na ile ndiyo kengele yenyewe, vijana. Itazameni vizuri."

"Samahani, mzee," akasema Amparo kwa upole. "Ile ni ya mfano. Ya kwanza ilipelekwa mji mkuu mwaka 1896. Huko ndiko inakopigwa na rais."

Hilario alibaki na kofia mkononi. Akacheka mwenyewe, cheko fupi. "Miaka tisa nawaambia watu niliiona kwa macho yangu."

Leocadia akafungua daftari. "Mwalimu Amparo, padri alisema maneno gani hasa? Niyaandike."

"Hakuna ajuaye, mama. Hakuna aliyeyaandika pale pale. Waliokumbuka walikumbuka baadaye, kila mmoja kivyake."

Leocadia akalitazama lile daftari. Akatazama ngazi. "Kwa hiyo walisikia kwa masikio tu," akasema taratibu. "Kama sisi."

"Kama nyinyi."

Baadaye tulikula aiskrimu za Dolores, zinazosifika kwa ladha za ajabu. Fidencio alijaribu ya kamba wa baharini, akasema ni nzuri, akampa mbwa.

Kesho yake asubuhi Leocadia alichukua bendera, akaipeleka kwa Hilario. Mimi nilikuwa nikipita nje ya ukuta wake kwa bahati tu.

"Niliapa mbele ya watu," akasema.

"Uliapa nini?" akauliza Hilario.

"Kwamba kama katika Mwito hakuna bibi, bendera yako."

"Yupo au hayupo?"

Leocadia akaikunja ncha ya bendera.

"Yupo," akasema Hilario. "Chukua bendera yako, mama. Nenda nyumbani ulete daftari. Nitataja, wewe andika. Niliyofupisha tutamuuliza Amparo."

Orodha hiyo sasa iko kwenye ukuta wa shule, mwandiko wa Leocadia, herufi kubwa. Jina zima, nafasi mahali pake. Hakuna tena atakayeibeba kichwani peke yake. Watu wa vijiji viwili vya jirani wameshakuja kuinakili, na basi la kanisa limeshajaa kwa safari ya mwakani. Nimeandika kwenye karatasi ya safari kwa mkono wangu: mwongozaji mwenye kadi, maji, kofia, daftari, viatu vya kutembea.

Alfajiri ya tarehe kumi na sita ukungu ulikuwa umelala uwanjani. Watu walikuja wamejifunika mablanketi. Leocadia alikuwa amevaa viatu vyangu vya kanisani. Akapanda jukwaa la mbao. Akapiga kengele.

"Viva Hidalgo!"

"Viva!"

"Viva Allende!"

"Viva!"

"Viva... Aldama!" Alilitamka kama anaweka yai mezani.

"Viva!" tukajibu, na vicheko vidogo hapa na pale.

Akainua mguu. Akagonga mbao kwa kisigino. Ko. Ko. Ko. Uwanja wote ukawa kimya, mpaka mbwa.

"Viva Josefa Ortiz!"

Kabla yeyote hajafungua mdomo, nyuma kabisa, mzee mmoja aliyevua kofia alipaza sauti mpaka ikapasuka:

"Viva la dama!"

Na kijiji kizima, kwa miguu yote, tukagonga ardhi mara tatu.