Simu Iliyobaki Getini

Rafiki yangu fundi mapazia si mtu wa kutishwa na kibao. Kile cha getini alikoitwa kazi kilinadi shule ya uganga wa kung'oa ukweli vichwani mwa watu.

"Wangeanza na mume wa jirani yangu," aliniambia.

Mlinzi alizuia simu ya rafiki yangu hapo getini, akamwonyesha darasa tupu akapime madirisha. Mchana kweupe, humo ndani giza totoro. Nyuma ya ukuta wanafunzi walikuwa wakinong'ona swali moja, tena na tena: "Mama alisema nini?"

Futi ya kupimia ikamponyoka. Mama yake alikata roho akimlaani mwanawe mdogo, na rafiki yangu, aliyesikia peke yake, alimwambia mdogo wake kwamba amebarikiwa. Alitoka mbio, simu akaisahau.

Nyumbani alimkuta mdogo wake sakafuni, macho mekundu, simu yake sikioni. Mdogo akamtazama, akaitazama simu.

"Dada, kama wewe uko hapa, huyu anayeniambia mama alinilaani ni nani?"

Rafiki yangu akaipokea. Sauti yake mwenyewe, bila haraka, ilikuwa imeshaanza habari za baba, ambazo yeye hakuwahi kuzijua.